Picha zilizojitokeza kwetu tu

Kambi ya Dzaleka, Malawi, Alhamisi, Agosti.

Upepo tangu alfajiri. Vumbi limeingia mpaka katikati ya herufi za kibodi, na bati la jirani, lile lenye misumari iliyolegea, linapiga bila kupumzika. Baridi kidogo. Kuhusu hali yangu sina la kusema. Nitaandika yaliyotokea tangu Jumanne, kwa mpangilio yalivyotokea.

Wanaosoma blogu hii wanajua kwamba kabla sijawa mkimbizi nilikuwa mtangazaji Bukavu, na kwamba hapa kambini bado wananiita Papa Radio ingawa redio yenyewe sina. Wanaujua pia ukurasa wetu wa Tunawatafuta. Kwa asiyejua: ni ukurasa kwenye mtandao wenye picha za watu waliopotezana na familia zao njiani. Kila mmoja ana kisanduku chake: picha, jina, mahali alipoonekana mara ya mwisho, alama ya mwilini kama ipo, na namba ya kutupigia. Mimi nawahoji wanaotafuta na kuandika maelezo. Chantal, mwalimu wa chumba cha kompyuta, ndiye aliyeujenga ukurasa. Alisomea kazi hiyo Bukavu, na hapa anaifanya kwa kujitolea huku akilea watoto wawili.

Jumanne nilikwenda Lilongwe kutafuta betri ya kinasa sauti. Nilipitia kwa Déo, mtu wa mtaa wetu wa zamani, ambaye sasa ana kibanda Area 25 karibu na soko. Anachaji simu, anapiga picha za pasipoti, anaweka nyimbo kwenye kadi za simu, anauza na chai. Kambini hakanyagi, anasema aliishi Dzaleka vya kutosha.

"Papa Radio bila radio, karibu!" akaniita kutoka ndani. "Leo unakuya kuchaji nini, na kitu chenyewe hauna?"

Nilimwambia habari ya betri. Akapekua kwenye boksi lake, akanipa moja, akanipa na kiti na chai. Tukaongea ya nyumbani. Halafu, kama mtu anayeuliza habari za mavuno, akasema:

"Na ile kazi yenu ya kutafuta bantu, mulimaliza muzuri?"

Nikamwambia kazi ya kutafuta watu haiishi.

"Aa. Mi nilizania mulisha kubapata bote. Njo maana mulifuta."

"Nani amefuta?"

"Papa, fungua mwenyewe uone."

Alinipa simu yake. Juu kulikuwa na neno Tunawatafuta kwa herufi za kijani, kama tulivyoliandika. Chini yake weupe. Nikasukuma kwa kidole. Weupe ukaendelea, mrefu, urefu ule ule ambao ukurasa ulipaswa kuwa nao, mpaka mwisho. Nikamrudishia simu, nikamwomba ya mteja wake mmoja aliyekuwa anasubiri chaji. Weupe. Nikamshukuru kwa Kichewa, zikomo, nikamrudishia.

Nilimuuliza Déo ni tangu lini.

"Tangu zamani. Mi sijaona kitu pale hata siku moja. Ni ile jina ya juu tu."

Kisha akanisimulia jambo ambalo kwake lilikuwa kichekesho kidogo cha biashara. Mvua za mwaka jana zilipokuwa zinaanza alifika kijana, Mkongo, Kiswahili chake cha Uvira. Alikuwa anangoja lori la kuelekea kusini. Aliuliza kama kambini kuna watu wa Uvira, kama inafaa aende kwanza kuangalia. Alikuwa ameambiwa kwamba ukijiandikisha kule unakaa miaka, kwa hiyo hakutaka kwenda bure. Déo akamjibu kwamba yeye hajui kila mtu, lakini amesikia upo ukurasa ambamo kambi nzima imeweka watu wake inaowatafuta. Hapo ndipo wote wapo. Akamfungulia kwenye simu yake mwenyewe.

Kijana akasukuma mpaka chini. Akasukuma tena kurudi juu.

"Akacheka," Déo alisema. "Akasema, basi, hakuna mutu ananitafuta mimi. Akanirudishia telefone, akalipa chai, akaenda kungoja lori yake."

Kutoka kibanda kile mpaka Dzaleka ni mwendo wa asubuhi moja.

Nilimuuliza kuhusu alama yoyote. Hakufikiri sana. Alisema kijana alishika simu kwa mkono wa kulia tu, na wa kushoto ulikuwa haunyooki vizuri, kama mfupi kuliko mwenzake.

Nafahamu maelezo hayo. Niliyaandika mwenyewe. "Mkono wa kushoto mfupi kidogo, ulivunjika utotoni." Ni kisanduku cha Bahati, mtoto wa Mama Bahati.

Chanzo kimoja si habari, hivyo ndivyo nilivyofundishwa. Kwenye simu yangu nina picha zote za asili. Nilimwonyesha kwanza kijana mwingine, wa umri ule ule, na sikumwambia kitu. Akakataa. Nikamwonyesha wa pili, akakataa. Wa tatu alikuwa Bahati. Déo akaisogeza simu karibu na macho.

"Huyu. Sasa iko na ndevu. Lakini ni huyu."

Sikumaliza chai.

Mama Bahati ni mshonaji. Cherehani yake iko chini ya turubai mbele ya nyumba, mistari miwili kutoka kwangu. Walipotezana na Bahati siku walipokimbia Uvira. Yeye alibeba wadogo, Bahati alirudi nyuma kuchukua begi la nguo, risasi zikaanza tena, na barabara ikagawanyika. Alikuwa bado mvulana wa shule. Kwetu mama huitwa kwa jina la mtoto wake wa kwanza. Kwa hiyo kila anayeleta suruali ipunguzwe, kila mtoto anayetumwa uzi, kila dada wa kwaya, anamwita kwa jina la yule asiyekuwepo. Hajawahi kutaka libadilishwe.

Na yeye ndiye aliyependa kuliko wote namna picha zilivyokuwa zinakuja.

Kwa sababu hazikufunguka tu. Unaposukuma ukurasa, kila picha ilijitokeza polepole, kutoka ukungu hadi sura kamili. Chantal aliijaribu mara moja mwanzoni, kama urembo, na alikuwa tayari kuiondoa. Akina mama walikataa. Kila Jumapili baada ya ibada walijaa chumba cha kompyuta wakiwa na kanga zao nzuri. Mama Bahati alikaa kwenye benchi ya mbele, akamwomba Chantal amteremshie mpaka kwa Bahati, na akasubiri.

"Angalia," aliniambia siku moja, bila kugeuza kichwa. "Anatoka pole pole, kama mutu anafungua mulango ya nyumba yabo."

Jana, Jumatano, nilimkuta Chantal akifagia chumba kabla ya wanafunzi. Nilimwambia azime wifi kwenye simu yake, atumie mega zake mwenyewe za kununua, afungue ukurasa.

"Papa, mega yangu ni ya kuongea na mama yangu Bukavu."

"Fungua tu."

Akafungua. Akasukuma. Akaweka ufagio chini.

"Lakini kila mutu hapa anaiona," alisema. "Papa, kila mutu!"

Nilimwomba anieleze, halafu arudie, mpaka nikaelewa. Nitaeleza hapa kama nilivyoelewa.

Picha kujitokeza polepole si kazi ya picha yenyewe. Ni kazi ya faili nyingine, faili ya maktaba, ambayo mtu fulani wa mbali aliiandika na kuwaachia wote waitumie. Ndani yake yamo maelekezo ya mambo yote ya namna hiyo: kitu kififie, kitu kiteleze, kitu kijitokeze. Mwenye ukurasa hayaandiki upya. Anaandika tu mahali faili ilipo, na simu au kompyuta ya msomaji inakwenda kuichukua.

Mwanzoni Chantal aliandika anwani ya huko mbali, kama wafanyavyo wengi. Mtandao wetu ni dhaifu. Kila kompyuta ya chumba ilikwenda kuichukua faili ile ile, na mega za mwezi ziliisha kabla ya mwezi. Basi akafanya ambalo yeyote hapa angelifanya. Alileta nakala moja, akaiweka kwenye kompyuta kubwa ya chumba, akaipa kompyuta hiyo jina Maktaba, na akawaambia wote wanaojifunza kutengeneza kurasa: chukueni pale. Kwaya ilichukua pale. Fundi wa viatu, mwenye ukurasa wa viatu vyake, alichukua pale. Kwenye mstari wetu wa nyumba pasi ya mkaa ni moja, ngazi ni moja, kinu ni kimoja, na hakuna anayeuliza cha nani. Faili moja kwa wote haikuhitaji kuelezwa.

Jina Maktaba linajulikana ndani ya chumba kile, na kwenye simu zinazoshika wifi yake, ambayo inafika mpaka bombani na kukatika. Nje ya hapo jina hilo si kitu. Ukurasa wetu ulikuwa kwenye mtandao wa dunia nzima, lakini faili ya kuufanya uonekane ilikuwa juu ya meza yetu.

Na picha, ili ijitokeze, lazima kwanza ifichwe. Ndivyo maelekezo yalivyosema na ndivyo Chantal alivyoandika: kila kisanduku kianze bila kuonekana kabisa, halafu faili ikilete. Faili isipopatikana hakuna wa kukileta. Visanduku havikosekani. Vinapakuliwa vyote, vinakaa mahali pake, vinachukua nafasi yake.

Hili limenikaa kuliko mengine. Simu ya Déo siku ile ilimpakua Bahati. Sura yake ilikuwa ndani ya kioo, chini ya kidole chake, pamoja na jina lake, mkono wake na namba yetu. Aliisukuma ikapita.

Niliuliza kwa nini hakuna hata mtu mmoja wa hapa aliyegundua. Jibu alilipata Chantal mwenyewe, kwa kuwauliza wanafunzi wake walipofika. Wengi waliwahi kufungua kwa mega zao. Waliona weupe, na hapa ukurasa mweupe maana yake ni moja: mega zimeisha. Walitembea mpaka chumbani, wakashika wifi ya bure, wakaziona picha, wakarudi nyumbani.

Na kimya je? Kwa muda wote huo hakuna aliyetupigia. Watu wengine kimya kama hicho kingewashtua, wangekwenda kuangalia waya. Sisi hakikutushtua. Tunaomba kuhamishwa, hatujibiwi. Tunaulizia mafaili yetu ya ukimbizi, hatujibiwi. Kukosa jibu hatukuhesabu kuwa kitu kimeharibika.

Redioni kwetu kulikuwa na fundi mmoja aliyepanda mlimani kila asubuhi na kiredio mfukoni, kusikiliza kama matangazo yetu yanafika. Tulimtania kwamba analipwa kwa kutembea. Sasa namkumbuka kila saa.

Walioziona picha ni wale wanaotafuta. Wanaotafutwa waliona weupe.

Kurekebisha hakukuchukua hata muda wa kuchemsha maji. Chantal aliufuta ule mstari wa kuficha. Picha sasa zipo pale tangu mwanzo, wazi, iwe faili imepatikana au la. Nilimpigia Déo, nikamwambia afungue.

"Ngoja... Ngoja kwanza." Nilisikia pikipiki ikipita kwake, na sauti za soko. "Eh. Papa. Minaona bantu. Minaona bantu wengi."

Akaanza kunisomea majina. Sikumkatisha. Chantal alikuwa amesimama karibu yangu akisikiliza yakitoka kwenye simu, moja baada ya lingine, mpaka Déo akafika kwa Bahati. Kisha akasema, kwa sauti ya chini, "Alikuwa hapa, kwa benchi yangu."

Chantal alisema, "Mi njo nilimuficha." Nikamwambia kwamba alifuata maelekezo. Ni kweli, alifuata. Haikumsaidia kitu.

Jana nzima nilijiuliza kama niende kwa Mama Bahati au nisiende. Sababu za kutokwenda ni nzuri. Shahidi ni mmoja. Kijana hakuacha namba; alitumia simu ya Déo. Lori lilikuwa la kusini, na kusini ni nchi kadhaa. Nikienda nampelekea mtoto aliye hai na wakati huohuo namnyang'anya. Nikikaa kimya, Jumapili atakaa kwenye benchi ya mbele, na Bahati atafunguka palepale bila kutoka polepole, na ataniuliza kwa nini. Sijawahi kumdanganya mtu niliyemhoji.

Nimekwenda leo asubuhi.

Alikuwa anashona joho la kwaya, la zambarau. "Papa Radio, keti pale. Usikanyage kitambaa ya Bwana," alisema, na wifi yake, dada wa mume wake, aliyekuwa anakata vifungo, akacheka. Nikakaa. Nikaeleza kama nisomavyo taarifa, kwa sababu namna nyingine siijui. Kwamba mvua za mwaka jana zilipoanza Bahati alikuwa hai. Kwamba alikuwa Area 25. Kwamba aliuliza watu wa Uvira. Kwamba alifungua ukurasa wetu na hakuona kitu, na kosa lilikuwa letu, la ukurasa, si lake. Kwamba alikwenda kusini na hatujui wapi. Kwamba aliyeniambia ni mtu mmoja, lakini nilimpima kwa picha tatu.

Hakusimamisha cherehani. Alishona mpaka mwisho wa mshono, akakata uzi kwa meno, akakunja joho na kuliweka magotini.

"Picha yake ilikuwa mule?"

"Ilikuwemo."

"Na hakuiona."

"Hakuiona, mama."

Wifi yake alikuwa ameacha vifungo. Upepo ulikuwa unainua ukingo wa turubai na kuushusha. Nilitegemea alie, au anifukuze, na nilikuwa nimejiandaa kwa yote mawili.

"Alikuwa anavaa nini?" akauliza.

Nilimuuliza Déo kuhusu ndevu. Nilimuuliza kuhusu begi, lori, lugha, alikuwa peke yake au na wenzake, alikula au hakula. Nguo sikuuliza.

"Sikuuliza, mama."

"We mwandishi gani?" Hakusema kwa hasira. Alisema kama anavyomwambia mtu aliyeleta kitambaa pungufu. Kisha akanieleza, akionyesha kwenye mkono wake mwenyewe wa kushoto, kwamba shati ya kununua sokoni haijawahi kumkaa Bahati. Mkono wa kushoto unashuka mpaka unafunika vidole. Tangu avunjike, kila shati yake yeye ndiye aliyeipunguza, upande mmoja tu.

"Ile mukono kama ilikuwa inafunika vidole, iko peke yake," alisema. "Kama ilikuwa inafika fasi yake, kuko mutu anamushonea."

Nikamuuliza pia kuhusu picha. Chantal anaweza kurudisha kule kujitokeza polepole, safari hii bila kumficha mtu yeyote. Anangoja tu aambiwe. Mama Bahati alikuwa ameshaingiza uzi mwingine kwenye sindano.

"Hapana. Akae tu pale wazi."

Nimerudi nyumbani kuandika haya. Simu ya chumba, yenye namba ile ya ukurasa, iko mikononi mwa Chantal, na tangu jana hakuna aliyepiga. Déo ameahidi kumuuliza kila dereva wa lori anayechaji kwake. Najua thamani ya ahadi hiyo, na yeye anaijua pia. Kijana aliyesadiki kwamba hakuna anayemtafuta hana sababu ya kuufungua ukurasa ule mara ya pili.

Kesho nitarudi Area 25. Sina cha kununua. Ninakwenda kumuuliza Déo kuhusu mkono mmoja wa shati, kama ulifunika vidole au haukufunika.

Akisema hakumbuki, nitampelekea Mama Bahati hilo.